Kambo alikubali, lakini baba mdogo je?

Swali lilitoka kwa msomaji mmoja wa Lubumbashi, nimelifupisha kidogo tu (kwetu kambo ni bibi au babu, gare ni stesheni ya treni, na Kenya anayoitaja ni komine ya mji huu, si nchi; Union Minière ilikuwa kampuni ya migodi, na Bakasai ni watu wa asili ya Kasai, ambao wakati ule walifukuzwa huku Katanga):

"Jambo papa. Mi niko ku komine Kenya. Kambo yangu mwanamuke alizaliwa 1941, mwaka ya mugomo ya Union Minière, iko na miaka 84 na kichwa yake ingali muzuri. Nilianza kumurekodi na telefone, kidogo kidogo, naweka ku TikTok na ku Facebook, juu nilipenda batoto yetu na bandugu ya inje bamusikie. Batu balipenda sana. Sasa ku video ya saba alisema vile mu 1992, ku gare ya Likasi, balichukua mutoto moya ya Bakasai, balimulea. Huyu mutoto njo baba mudogo yangu. Yeye alijua, lakini batoto yake na bakwe yake habakujua. Video imepita batu 60,000. Bengine banamutukana ku komenti, bengine banasema beko bandugu yake. Shangazi yangu ya Ubelgiji anasema nifute yote. Kambo yeye anasema acha, nilisema kweli. Papa, hii hadisi ni ya nani? Na nikifuta, itaisha?"

Mwanangu, kabla hujasoma mbele simama hapa kwanza. Kamata telefone, ingia kwenye hiyo video ya saba, uifunge iwe ya kuonwa na wewe peke yako, kote kote, TikTok na Facebook. Usiifute. Kufunga na kufuta si kitu kimoja, ukifunga watu hawaioni tena lakini wewe unabaki nayo pamoja na komenti zote, na hizo komenti utazihitaji, nitakuambia juu ya nini. Ukifuta leo kwa hasira ya shangazi, kesho umepoteza sauti ya kambo na umepoteza pia ushahidi wa wale waliomtukana baba yako mdogo. Piga skrinshoti za matusi, za wale wanaojiita ndugu, na majina ya akaunti zao yaonekane. Halafu video zote za kambo, zile ndefu ulizorekodi kabla ya kukatakata, ziweke kwenye fileshi, na kopi nyingine kwenye kompyuta ya mtu unayemwamini. Telefone inaibiwa, inaanguka kwenye maji, inachomeka siku umeme unarudi kwa nguvu. Nimeona familia zimepoteza sauti ya mzee hivo, na hakuna mahali pa kuitafuta tena.

Umeshafunga? Haya, tuendelee.

Umeuliza ukifuta itaisha. Sitakudanganya, haitaisha yote. Kati ya hao watu 60,000 kuna walioipakua, kuna waliotuma kwenye grupu ya ukoo, ya kanisa, ya waliosoma pamoja Likasi. WhatsApp tangu 2019 inazuia mtu asisambaze ujumbe mmoja kwa zaidi ya chati 5 kwa mara moja, hiyo inapunguza mwendo tu, haizuii. Lakini usikate tamaa, juu wengi wanaona kile ambacho mtandao unawasukumia, na chanzo kikifungwa ule mto unapungua maji haraka kuliko unavyofikiri. Wale unaowajua waliorudisha hiyo video kwenye kurasa zao, waandikie mmoja mmoja, pembeni, kwa heshima, uwaombe waiondoe. Wengi wataiondoa. Ila kitu kimoja nakuomba sana: usitengeneze video nyingine ya kuomba watu wasishee ile ya kwanza. Naona vijana wanafanya hivo kila siku, wanaingia laivu wanalia, wanaeleza, wanaomba msamaha, na mtu ambaye hakuwa na habari yoyote anaenda kuitafuta usiku huohuo.

Sasa swali lako lenyewe, hadisi ni ya nani.

Mimi kazi yangu ni kusikiliza wazee, nimeifanya miaka mingi hapa mjini, Kamalondo, Katuba, Ruashi, mpaka kwenye kambi za zamani za Gécamines, kampuni ya migodi iliyorithi Union Minière, kule Likasi na Kolwezi. Hadisi za familia nimezikuta ukutani kabla sijazikuta kwenye telefone. Miaka ya 1970 nyumba nyingi hapa zilikuwa na picha ya kuchorwa kwenye saluni, yaani sebuleni, wengine mamba muntu, yule nguva, wengine ile ya Colonie belge, koloni la Wabelgiji, mfungwa analala chini anachapwa fimbo na mzungu amesimama anaangalia. Tshibumba Kanda Matulu na wenzake walikuwa wanazichora na kuziuza hapahapa. Baba wa nyumba alikuwa anainunua si kwa urembo tu. Mgeni akiingia, akikaa, akiinua macho, baba anaanza kusimulia: baba yangu naye alichapwa, ilikuwa mahali fulani, sababu ilikuwa hii. Angalia hapo. Picha iko wazi, kila anayeingia anaiona, lakini maneno yanatoka kufuatana na nani amekaa kwenye kiti. Akija mkwe anasimuliwa vingine, akija askari hasimuliwi kitu, mtoto anasimuliwa akishakua.

Na kabla ya saluni, Waluba wa huku Katanga walikuwa na lukasa, kile kibao cha mbao chenye shanga na michoro, historia ya wafalme na ya koo iko humo ndani yote. Kila mtu anaweza kukiona. Kukisoma ni kazi ya bana balute, watu wa kumbukumbu, waliofundishwa ndani ya chama cha mbudye, na msomaji anasoma kufuatana na siku ile na watu waliokaa mbele yake. Kibao ni kilekile, kisomo cha leo si cha jana. Mimi naona hapo kuna akili ambayo telefone haina. Telefone inasomea kila mtu kisomo kimoja, mkwe, askari, mtoto, adui na tapeli, wote pamoja, saa moja.

Kwa hiyo jibu langu ni hili: hadisi ni ya yule atakayelipa bei yake ikitoka nje. Kambo ni mwenye kusimulia, wewe ni mwenye kurekodi, na bei yote ya video ya saba imemwangukia baba yako mdogo, na nyuma yake watoto wake, ambao kesho wataulizwa shuleni kama kweli baba yao aliokotwa gare. Hakuna aliyemuuliza. Hilo ndilo kosa, na si kosa la roho mbaya, nasikia kabisa kwenye barua yako kwamba ulifanya kwa upendo.

Utaniambia kambo alikubali. Alikubali, ndiyo, lakini nakuuliza alikubali nini? Alikuwa amekaa kwenye lupango, uani kwake, pembeni ya mbabula, lile jiko la makaa, mbele yake yuko mjukuu wake, na mjukuu anamuuliza. Alikuwa anakusimulia wewe. Ukimwambia kambo nitaiweka kwenye intaneti, mzee wa miaka 84 anaelewa labda kama radio, inapita jioni, kesho watu wamesahau. Hajui kwamba mtu atairudia mara ishirini, ataikata, atachukua sekunde kumi na moja tu na kuweka maneno yake juu. Mimi nimekuwa na desturi moja, nayo imenisaidia. Kabla ya kutangaza chochote cha mzee, ninamrudia na ile rekodi, namsikilizisha, halafu namsomea kwa sauti aina ya maneno ambayo watu wanaandika chini ya vitu kama hivi, mazuri na mabaya. Wewe leo unayo komenti za kweli. Kaa naye, msomee. Usimsomee yale machafu kabisa, lakini ajue kwamba mtu ameandika mwanawe arudi Kasai. Halafu muulize tena. Anaweza kusema acha vilevile, wazee wengine hawaogopi kitu, ila hapo atakuwa amekubali kitu anachokijua.

Na usimlaumu kwa kusema. Mtu aliyezaliwa 1941 amebeba ukimya mwingi sana. Mwaka huohuo, mwezi wa Desemba, askari walipiga risasi wafanyakazi wa Union Minière waliokusanyika kwenye uwanja wa mpira hapa Lubumbashi, wakati ule ikiitwa Elisabethville, wakiomba mishahara. Kuna nyumba ambazo baba hakurudi na mama hakuthubutu kuwaeleza watoto kwa nini, juu mposho, chakula cha kila wiki cha mfanyakazi, ilikuwa inatoka kwa kampuni ileile na nyumba ni ya kampuni ileile. Watoto wa wakati ule walikua wakijua kwamba kuna mambo hayatamkwi. Halafu ikaja Secession, Katanga ilipojitenga na Kongo, 1960 mpaka 1963, kila mtu alikuwa upande fulani au aliambiwa yuko upande fulani. Halafu 1992 na 1993. Mamia ya maelfu ya watu wenye asili ya Kasai wakafukuzwa kwenye nyumba zao huku Katanga, wakalala gare za Likasi na Kolwezi wiki na miezi wakingoja treni, watoto wakifa palepale kwa njaa na magonjwa. Kambo na kambo mwanaume walienda kwenye ile gare wakarudi na mtoto. Mwanangu, hicho ni kitu kikubwa, wakati ule ilikuwa hatari, jirani angeweza kuwashtaki. Naelewa kwa nini anataka kukisema kabla hajaondoka.

Ila miaka thelathini na kitu haijafunga kile kidonda. Umeona mwenyewe kwenye komenti. Ukisimulia habari za mposho, za bukari na sombe, ugali na majani ya muhogo, kwenye kambi, za mpira wa zamani, watu wanacheka, wanakumbuka, hakuna anayelipa bei. Ukitaja 1992 unagusa nyumba zilizochukuliwa na watu ambao mpaka leo wanakaa ndani yake, unagusa waliofukuza na waliofukuzwa ambao leo wanauziana makaa kwenye soko moja.

Labda unawaza, basi nitairudisha bila majina. Hapo nikusimulie kosa langu mwenyewe. Miaka mingi nyuma niliitwa kwenye radio moja kuongea juu ya wale wafanyakazi zaidi ya 10,000 wa Gécamines walioondoka 2003, ule uondokaji walioita wa hiari. Nikasimulia habari ya baba mmoja ambaye alichukua pesa yake ya kuondoka, akaenda kwa mwanamke mwingine upande wa Kasumbalesa, akaacha watoto tisa. Sikutaja jina, nilijisikia nimefanya vizuri. Lakini nilisema alikuwa fundi umeme, nikasema watoto tisa, nikataja kartye, yaani mtaa. Jioni ile lupango lote lilijua, na kesho yake binti yake mkubwa alikuja kwangu, alisimama mlangoni, hakukaa, aliniuliza tu: papa, tulikukosea nini? Sikuwa na la kumjibu. Nilikwenda kwa mama yake, nikaomba radhi, wakanipa, lakini lile swali limebaki kwangu. Tangu siku hiyo najua jina ni kitu kidogo kabisa. Mtu anatambulika kwa kazi, kwa idadi ya watoto, kwa mwaka, kwa sauti ya mama yake. Baba yako mdogo atatambulika hata ukimwita X, juu sauti ya kambo sasa inajulikana na watu 60,000.

Kitu kingine ambacho hujaniuliza, na ndicho kinanitia hofu zaidi. Wale wanaosema ni ndugu zake. Inawezekana mmoja wao anasema kweli, kweli kabisa, kuna wazazi wazee kule Kasai, Mwene-Ditu au Kananga, ambao hawajaacha kulia kwa mtoto waliyempoteza kwenye gare. Na inawezekana mwingine ni tapeli aliyesikia kwamba kuna shangazi Ubelgiji, na kwa hiyo kuna pesa. Utawatofautisha vipi? Zamani ilikuwa rahisi: unamuuliza, mtoto alikuwa amevaa nini siku ile, alikuwa na alama gani mwilini, alikuwa anaitwaje na mama yake, alikuwa analia akitaka nini. Anayejua ni mama yake. Angalia sasa hiyo video vizuri, sekunde kwa sekunde, uandike kwenye karatasi kila alama ambayo kambo ameitaja. Kila alama iliyotajwa imekufa, haina kazi tena, juu yeyote anaweza kuirudia. Halafu kaa na kambo bila kurekodi, muulize yale ambayo hakuyasema, na hayo muyashike nyinyi watatu tu, kambo, baba mdogo na wewe. Usiandike popote kwenye mtandao. Hizo ndizo funguo zilizobaki.

Na wale wanaojitambulisha usiwajibu kitu zaidi ya asante, tumekusikia. Kutafuta ama kutotafuta ni uamuzi wa baba mdogo peke yake, ni mtu mzima, ana haki hata ya kusema sitaki kujua. Akitaka, kuna njia: Msalaba Mwekundu, ile Croix-Rouge yetu pamoja na CICR, kamati yake ya kimataifa, wana kazi ya kuunganisha familia zilizotenganishwa na vita na fujo, hawaombi pesa, na wanauliza kwanza pande zote mbili kama zinataka kukutana kabla ya kumpa yeyote habari za mwenzake. Hiyo ni tofauti kubwa na komenti. Mtu yeyote akianza kuomba pesa ya tiketi, ya kipimo cha damu, ya sijui nini, funga mlango hapo hapo. Mwambie na shangazi. Sauti ya kambo ikiwa nyingi hivo mtandaoni mtu anaweza kuitengeneza na kompyuta, ampigie Ubelgiji usiku, mwanangu nimelazwa nitumie pesa. Mkubaliane neno moja la nyumbani ambalo anayepiga lazima alitaje.

Upande wa sheria niseme kwa kifupi. Katiba yetu ya 18 Februari 2006, kifungu cha 31, inampa kila mtu haki ya maisha yake ya ndani kuheshimiwa. Tangu 13 Machi 2023 tuna pia Code du numérique, sheria ya mambo ya mitandao, ambayo inalinda habari za mtu binafsi kwenye mitandao. Na yale matusi ya kabila yana sheria ya tangu 1966 inayoadhibu ukabila na ubaguzi. Ndiyo maana nilikwambia ushike zile skrinshoti. Sikusukumi mahakamani, kati ya ndugu mahakama ni mlango wa mwisho, lakini baba mdogo akitaka kuwashitaki waliomtukana, asikute umeshafuta kila kitu.

Sasa yeye mwenyewe. Barua yako imesema habari za kambo, za shangazi, za watu wa komenti, na haijasema hata neno moja alilosema baba mdogo. Nadhani hujaenda. Nenda, mwanangu. Usimpigie, usimwandikie, nenda kwa miguu yako, telefone uiache nyumbani ili asione umeiweka mezani. Usianze na kujieleza. Mwambie nimekosa, video nimeifunga, na nimekuja kusikia wewe unataka nini. Halafu unyamaze, hata akikufokea. Muulize kama anataka awaambie watoto wake mwenyewe na mkewe aambiwe na nani, na kama anataka kambo awepo. Wakwe ni habari nyingine, kwa hao wataenda wazee wa familia, ndiyo desturi, usijitume.

Shangazi naye mpigie. Ana haki kwenye lile la baba mdogo, hana haki ya kukufutia kambo nzima. Mwambie umefunga moja, zile nyingine sita mtazipitia pamoja. Mimi nikiwa wewe, video za mposho na za maisha ya kambi ningeziacha, ni nzuri, watoto wa Lubumbashi wazione. Ile ya Secession ningeisikiliza tena kwa sikio la jirani. Na tangu sasa fanya hivi: rekodi yote, kila kitu, hata yale mabaya, hata yale yanayokuaibisha, uyaweke na tarehe na mahali. Kurekodi ni kwa ajili ya watoto wa watoto, wao wanahitaji kila kitu. Kutangaza ni kazi nyingine ya siku nyingine, na kila kipande kinachogusa mtu aliye hai kingoje mpaka huyo mtu akisikilize mwenyewe mpaka mwisho. Kikingoja miaka kumi hakiozi.

Video ya saba itarudi siku moja labda. Baba mdogo anaweza kuamka akasema, iwekeni, nataka watu wajue kwamba mama huyu alinitoa pale. Inaweza kuwa yeye mwenyewe ndiye atakaa pembeni ya kambo na kusimulia, na hiyo itakuwa video nyingine kabisa. Isiporudi, ibaki kwenye fileshi.

Lakini kambo usimwache. Asije kufikiri amekosea akanyamaza, juu mzee akishanyamazishwa mara moja hafungui tena. Umeme ukirudi kesho chaji telefone, nunua sukari kidogo, rudi kwake. Muulize kutoka ile gare mpaka nyumbani na mtoto mgongoni walipita njia gani, na nani aliwafungulia mlango, na usimwoneshe mtu.